Bunduki Iliyonizidi Vidole Viwili

Jumatatu, 3 Machi

Leo mkwe, baba wa mke wangu, ametangaza. Bunduki inatoka mikononi mwake.

Afisa wa vibali amemwambia, kwa adabu, kwamba mtu wa miaka themanini na minane hawezi tena kuandikwa mmiliki wa silaha. Ateue mtu wa nyumbani kabla mwezi haujaisha. Mkwe akatukusanya sebuleni: mimi, mke wangu, mdogo wake, na mume wa huyo mdogo, mwanyumba wangu, ambaye mimi humwita Mlingoti (si mbele yake). Akasema hatachagua kwa mapenzi. Bunduki itachagua yenyewe.

Mtihani ni wa kizamani. Unakunja mkono, unaweka kitako cha bunduki kwenye kunjo la kiwiko, kidole cha shahada unakielekeza kwenye kifyatulio. Kikifika sawasawa, bunduki ni ya kimo chako. Mlingoti akajaribu. Kikafika kana kwamba alipimwa na fundi cherehani. Nikajaribu mimi. Nikapungukiwa na vidole viwili. Nikashusha bega, nikatoa pumzi, nikanyoosha hata shingo. Vidole viwili vilevile.

Mlingoti akasema, "Pole, mwanyumba. Mikono hugawa Mungu." Mkwe akacheka! Akamwambia, "Mwanangu, acha utani."

Mwanangu! Huyu wa juzi! Mimi nimemwoa binti yake mkubwa miaka thelathini na mitano. Siku tulipohama nchi yetu nilivuka mpaka na godoro la mzee kichwani. Hadi leo naitwa "wewe bwana". Wewe bwana, funga dirisha. Wewe bwana, habari za kazi. Bunduki yenyewe siihitaji; sijawahi kuua hata panya. Nataka neno lile. Na neno litafuata bunduki, nina hakika.

Kisha bahati ikanicheka. Kwenye kitako kuna mpira mnene wa kulinda bega, maana bunduki ikilia hupiga teke. Umezeeka, umekuwa lami, umempaka mkwe weusi kwenye shati jeupe. Akauliza nani anaweza kuubadilisha kabla ya Jumapili, siku ya mtihani wa mwisho. Nikasema mimi kabla hajamaliza sentensi.

Mpira mwembamba, bunduki fupi. Bunduki fupi, mkono wangu. Akili ni mali!

Jumanne, 4 Machi

Mkwe si mjinga. Mitutu miwili ameichomoa na kuifungia sandukuni, ufunguo uko shingoni mwake. Nimepewa nusu ya nyuma tu, kitako na kifyatulio. Nimeileta nyumbani mikononi, nimeiviringisha blanketi. Jirani akauliza kama ni mjukuu. Nikasema ndiyo. Akataka kumwona. Nikasema amelala. Akaniombea heri.

Nimetafuta skrubu za mpira. Hakuna! Nimegeuza juu, chini, ubavu. Mpira mtupu. Nikakata shauri kwamba umegandishwa. Kisu kikavunjika ncha. Nikajaribu mvuke wa birika. Mpira ukaanza kulia machozi meusi juu ya kitambaa cha meza.

Mke wangu akaja. Akatazama kitambaa. Akanitazama mimi. Akabonyeza mpira kwa kidole, mahali pawili, akasema skrubu zimo ndani, mpira umezifumba kama kitovu. Nipake bisibisi sabuni, nipenyeze, nizungushe. Akarudi kwenye vitunguu vyake.

Skrubu mbili, dakika nne. Niandike basi kwamba leo nimegundua siri ya mipira ya bunduki. Mke wangu amesaidia kidogo.

Nilimwuliza amejuaje. Akasema alimshikia babake taa alipoufunga, kule tulikotoka, akiwa na miaka tisa. Tena ndiye aliyekuwa akimbebea risasi. Sijui kwa nini watu hujaza vichwa mambo madogo kama hayo.

Jumatano, 5 Machi

Fundi viatu wa pale kona amenikatia kipande cha soli, chembamba kama biskuti. Aliuliza kiatu chenyewe ni cha mguu upi. Nikasema cha bega. Akaniambia nisikae sana juani.

Nyumbani nikapiga hesabu. Kutoa mpira mnene na kuweka mwembamba kunanipa kidole kimoja. Nahitaji viwili. Hicho cha pili kimo ndani ya mbao.

Nimeazima msumeno kwa jirani. Akauliza hali ya mjukuu. Nikasema anakua. (Kwa kweli anapungua.)

Wanaosema upime mara mbili ukate mara moja hawana mkwe. Nilikata. Msumeno ukaenda mrama. Nikasawazisha kushoto, kulia kukabaki juu. Nikasawazisha kulia, kushoto kukabaki juu. Kinyozi mmoja aliwahi kunifanyia hivyo hivyo kwenye kidevu, nikaingia na ndevu nikatoka bila. Nilipoacha, nilihisi nimepita kidogo. Sikupima. Moyo wa mtu mzima haupaswi kushtuliwa ovyo.

Lakini hili niliandike kwa makini. Mbao ile ni ya mti usioota huku. Meno ya msumeno yalipoingia, ikatoka harufu, nami nikasimama mkono hewani. Ilikuwa karakana ya baba yangu mzazi kule tulikotoka, asubuhi, milango mitatu imeegemezwa ukutani ikingoja bawaba, na yeye anapiga mluzi huku akitafuta penseli iliyo sikioni mwake. Miaka thelathini sijainusa. Sikujua hata kwamba nilikuwa nimeipoteza. Nimeukusanya unga wote kwa ncha ya kadi, nikautia kwenye bahasha, na bahasha nikaiweka ndani ya kamusi.

Kisha nikaendelea na uovu wangu.

Alhamisi, 6 Machi

Balaa!

Nilijaza matundu ya zamani njiti za kiberiti, kama afanyavyo seremala yeyote. Nikapaka gundi ya viatu kwenye mbao, nikapaka na kwenye mpira, nikaviacha vikauke kidogo kabla ya kuvishikanisha na kutia skrubu. Fundi aliagiza robo saa. Dakika ya kumi, hodi! Mlingoti.

Hakuna pa kuficha. Nikavitupa vyote viwili juu ya kiti changu. Nikavikalia.

Akaketi kwa saa mbili. Chai mara mbili. Akazungumzia presha yake, paa lake, na jinsi mkwe alivyomwonyesha picha za zamani. Akauliza kazi inaendeleaje. Nikasema inashika vizuri. Akauliza mbona natoa jasho. Nikasema chai.

Hatimaye akaaga. Sasa mgeni anaaga, tena mwanyumba, na mwenyeji lazima ainuke amsindikize japo hadi mlangoni. Nikajaribu. Kiti kikaja nami. Nikaketi tena. Mlingoti akasimama pale, kichwa karibu na taa, akaniuliza kwa upole wa nyoka, "Hata mlangoni, mwanyumba?" Nikasema goti. Akasema pole, atampa mzee salamu za goti langu.

Kabla ya magharibi mkwe amekwisha kupiga simu. Amemwambia mke wangu, "Mwambie yule bwana wako, wageni hawaagwi kutoka kitini." Bwana wako! Nimeshushwa cheo!

Mke wangu akanitoa kwa mkasi. Suruali ilikuwa ile ya sherehe. Alikata, akanikabidhi kitako cha bunduki na kitako cha suruali vikiwa kitu kimoja, akaenda kufua.

Ijumaa, 7 Machi

Nimebandua kitambaa chote, ila nyuzi chache zimekataa. Mpira nimeufunga, skrubu mbili zimekaza. Ulikuwa umezidi mbao pande zote, hivyo nimeupeleka kwa fundi viatu tuusage kwenye jiwe lake. Akanionya nizungushie mbao utepe: utepe ukianza kukwaruzika, niache. Utepe ukaanza kukwaruzika. Nikadhani ni wa bei rahisi. Nikaendelea.

Umbo limekuwa jembamba kidogo. Lina madaha.

Nikapiga msasa, nikapaka mafuta. Linang'aa. Mke wangu akapita, akasema kitako kimekuwa kidogo. Nikamwambia ni macho yake. Akakiinua begani mara moja, haraka, kama mtu ajaribuye koti la mwenzake, akakirudisha. Nikamwomba asichezee kazi ya watu.

Jumapili, 9 Machi

Tulikutana sebuleni kwa mkwe. Akatoa mitutu sandukuni, akachungulia yote miwili kuelekea dirishani kuhakikisha haina kitu, akaiunganisha na kazi yangu. Akapitisha kidole gumba pale mbao inapokutana na mpira. Akapitisha tena.

Mlingoti wa kwanza. Bunduki kwenye kiwiko: kidole kikapita kifyatulio kama abiria aliyepitiliza kituo chake. Akasema labda mtihani wa bega ni bora. Akaiinua kwa mbwembwe. Kitako kilivyofupika, kidole gumba chake mwenyewe kikampiga puani, pa! Damu. Mkewe akaleta leso. Ningeweza kufa pale pale kwa furaha.

Zamu yangu. Nikakunja mkono polepole, kama mtu afunguaye barua ya heri. Kidole changu kikaenda, kikafika... kikapita. Kidole kizima! Nikarudisha mkono nyuma, nikainua bega, nikafanya kila nilichofanya Jumatatu kwa kinyume chake. Hapana. Nimeikata hadi ikanivuka.

Mke wangu alikuwa akiingia na sinia. Mkwe akamwita, "Hebu njoo, mama." Akaweka sinia chini. Akakunja mkono. Kidole kikatua kwenye kifyatulio, hakikuzidi, hakikupungua. Akaiinua begani, shavu likalala kwenye mbao, jicho moja likafumba. Haikutikisika. Mzee akamtazama muda mrefu, midomo yake inacheza, nikajua hatazami mama mzima mwenye miwani. Akasema, "Umesahau kupanua miguu." Akapanua. Mzee akauvua ufunguo shingoni, akamvika.

Kisha akanigeukia mimi. Akaikazia macho ile sehemu niliyoisaga. Akasema kwa sauti ya chini:

"Mwanangu, umeiharibu bunduki yangu."

Nikamwomba arudie. Sikusikia vizuri, nikasema, ni masikio. Akarudia, kwa sauti kubwa zaidi, tangu neno la kwanza.

Jumatatu, 10 Machi

Nimelala kama mtoto.

Hali ya mambo ni hii. Mke wangu ana bunduki na ufunguo. Leo asubuhi ameandikwa jina mbele ya afisa wa vibali, na mimi nimekatazwa kuisogelea nikiwa na chombo chochote chenye meno. Mlingoti ana pua ya bilinganya. Mkwe alipokuwa akimuaga jana alimwambia, "Wewe bwana, weka barafu." Nilisikia kwa masikio yangu haya mabovu.

Bahasha nimempelekea mkwe. Niliona ni haki yake. Akanusa, akafumba macho, akakaa nayo. Hakuuliza unga umetoka wapi. Anajua umetoka wapi. Akaitia mfuko wa shati.

Sasa nimefikiri sana, na somo ni wazi. Miaka thelathini na mitano nilibeba godoro, nikafunga madirisha, nikasema ndiyo baba, nisipate kitu. Siku moja nikakata kitu chake kwa msumeno, nikaitwa mwanangu. Mara mbili! Mwenye akili hujua njia iliyomfikisha.

Nilipoaga niliona fimbo yake ya kutembelea mlangoni. Chini ina mpira, nao umelika upande. Akaanza kuuliza nani anaweza kuubadilisha. Nikasema mimi kabla hajamaliza sentensi.

Nimeipima njiani. Inanizidi vidole viwili.

Msumeno bado sijaurudisha.