Mstari Haununuliwi

Jumatano, 7 Mei

Nimepata! Jumapili tunachagua mwenyekiti wa kamati ya maji hapa Bigwa, na safari hii Gervas hashindi. Naeleza, maana nimestaafu ualimu lakini sijastaafu kueleza. Gervas ana malori na hoteli, basi ndiye mwenyekiti wa maji, wa shule na wa chama cha kuzikana. Matokeo: maji ya mlimani yanaanzia kwenye mabwawa yake ya samaki. Bomba letu linakohoa tu. Mke wangu Yuliana anabeba ndoo kutoka mtoni.

Kila uchaguzi, karatasi na sanduku la kura anatoa yeye. Sasa tusimame mstari nyuma ya mgombea tunayemtaka. Mstari haununuliwi!

Mgombea wetu? Mimi, bila shaka.

Ijumaa, 9 Mei

Gervas kakubali! Shikamoo mwalimu, kaniambia, wewe ndiye msomi wetu. Hata turubai ataleta, watu wasichomwe na jua. Anajichimbia kaburi! Bonifasi kinyozi kaapa kwamba kila kichwa anachonyoa ni changu.

Yuliana kauliza, je, mvua ikinyesha? Nikamfafanulia demokrasia mpaka akasinzia.

Jumapili, 11 Mei

Ilibaki kidogo tu! Mstari wangu ulipita duka la Hidaya ukakunja kona. Wa Gervas, chini ya turubai lake: madereva na mashemeji.

Msimamizi akaanza kuhesabu. Wingu likashuka kutoka Uluguru. Mvua! Bonifasi akawa wa kwanza kukimbia, anapiga kelele kwamba mashine yake ya kunyolea iko mfukoni. Wote wakamfuata. Msimamizi akatangaza: aliye chini ya turubai yuko nyuma ya Gervas.

Nikapinga vikali. Nilipinga nikiwa chini ya turubai, maana koti langu ni la sufu. Nikahesabiwa.

Nilipata kura moja. Yuliana, peke yake mvuani, amekinga ndoo. Eti mzee, kaniuliza, demokrasia imelowa?

Jumatatu, 12 Mei

Nimegundua kosa! Tatizo si mstari, ni turubai. Mwezi ujao tunachagua kamati ya shule. Nitakuwa na turubai langu, kubwa kuliko lile!

Nimeshaenda kuazima. Hapa mtaani mwenye nalo ni Gervas tu. Kakubali papo hapo, bure kabisa, mradi siku hiyo asimame chini yake kulilinda.

Muungwana sana! Hajui kinachomsubiri. Yuliana kapita na ndoo. Nimemwambia avumilie kidogo.