Nusu Mbili za Bene Sekabuye

Siku ya Mungu, 1 juin 1975

Misa imekwisha saa nne. Perpétue alivaa kitenge cha kijani. Aliimba ubeti wa pili peke yake. Mahubiri sikusikia hata neno moja. Kwenye karatasi za serikali yeye ni raia, citoyenne Mukabalisa, maana majina ya ubatizo yamekatazwa. Lakini hili daftari si la serikali. Perpétue, Perpétue, Perpétue! Haya. Nimepumua.

Taabu ni moja tu. Perpétue ni mutoto wa Muzee Barthélemy wa Keshero, na Muzee Barthélemy ni wa Bene Sekabuye, watu wa ukoo wa Sekabuye. Mimi pia, Damien Hategekimana, mwalimu wa kiingereza, ni wa Bene Sekabuye. Kwetu, tangu kule Masisi, mutu haoi ndani ya ukoo. Shangazi Séraphine, ninayemuita shangazi kwa ukoo tu na ninayekaa kwake hapa Katoyi, ananikumbusha kila akinipakulia sombe: yule ni dada yako, umuangalie kama dada. Namuangalia. Si kama dada.

Miaka mitatu sasa! Yeye anashona nguo barazani kwa baba yake. Mimi napasua suruali zangu mwenyewe, namupelekea. Juzi alisema hajapata kuona mwalimu anayekaa vibaya namna hii juu ya kiti. Nilicheka mpaka nikasahau kumujibu.

Lakini leo Mungu amenionea huruma. Nina diksionere ya kiingereza, niliipata soko la Birere. Imeraruka, inaanzia herufi M. (Ndiyo maana nafundisha kiingereza cha M mpaka Z. Hakuna mwanafunzi aliyelalamika.) Nilikuwa natafuta neno la mbu. Njiani nikakutana na neno jingine ambalo sijapata kuliona popote: «moiety». Tuseme moyeti. Maana ya kwanza: nusu ya kitu, hasa kwa watu wa sheria. Haina faida. Maana ya pili, kwa herufi ndogo: kundi moja kati ya makundi mawili yanayogawa kabila au ukoo. Na chini yake, mustari uliotoka mbinguni: mara nyingi mutu wa nusu moja huoa katika nusu ya pili.

Nilisoma mara saba. Nikapiga magoti.

Kazi mbili, 3 juin

Mupango umekamilika. Ukoo wetu ukigawanyika nusu mbili, mimi huku, Perpétue kule, basi kuoana si dhambi tena. Ni elimu!

Neno la ndoa sitalitaja hata kidogo. Nitawapa wazee moyeti tu, wao wenyewe watafika kwenye ndoa. Mutu mujinga anaomba. Mutu mwenye akili anapanga.

Nilipeleka suruali Keshero. Nikamueleza Perpétue neno lenyewe, maana zake zote mbili. Alisimamisha cherehani. Akauliza kama nimetoka Katoyi kwa miguu, katika vumbi hili, kuja kumueleza nusu. Nikasema ndiyo. Akauliza kama sina jambo jingine la kusema. Nilikuwa nalo. Lipo hapa kifuani. Nikasema suruali ni ya kesho kutwa.

Siku ya posho, 7 juin

USHINDI!

Asubuhi salongo, ile kazi ya lazima ya serikali, tumebeba mawe meusi ya barabara mpaka mikono ikatoka malengelenge. Mchana mukutano wa ukoo kwa Muzee Barthélemy. Kwanza walibishana saa nzima kuhusu nani awe wa kwanza kunyonya kasiksi, pombe ya ndizi, kwenye mutungi. Wanabishana hivyo tangu mimi sijazaliwa. Ndipo nikasimama na diksionere.

Nikasema kwamba watu wengi wa dunia, hata wale wanaotengeneza ndege, wamegawanyika nusu mbili. Nusu hii inazika wafu wa nusu ile. Nusu hii inapika, nusu ile inakula, kisha wanageuza. (Hayo ya ndege niliongeza mimi.) Nikasema Sekabuye alikuwa na bibi wawili, kwa hiyo nusu zetu ziko tayari, zinangoja jina tu. Nikadhani watanifukuza.

Kumbe! Shangazi Séraphine alipiga vigelegele. Wazee wakapiga makofi. Kila mumoja alikuwa na mutu wa upande wa pili ambaye siku zote hakupenda kukaa naye. Wakagawana palepale: watoto wa bibi mukubwa ni Nusu ya Juu, wa bibi mudogo ni Nusu ya Chini. Muzee Barthélemy, Chini. Shangazi, Juu. Mimi nikauliza polepole: na mimi? Wazee wakaangaliana. Muzee Barthélemy akakuna kidevu, akasema huyu akae na shangazi yake. Juu! Mimi Juu, Perpétue Chini!

Muzee alinitazama kwa muda, kama mutu anayengoja niongeze kitu. Sikuongeza. Huo ndio ujanja wenyewe.

Kazi ine, 12 juin

Siku tano tu, na tayari watu hawasalimiani. Kwenye robine ya maji, Chini wanachota upande wa kushoto, Juu upande wa kulia. Robine ni moja. Kwenye kwaya sauti ya kwanza ni Chini, sauti ya tatu ni Juu, na jana jioni walikataa kuanza wimbo pamoja. Padri akauliza ugonjwa huu umetoka wapi. Niliangalia viatu vyangu.

Na mimi nimefanywa sekretere wa Nusu ya Juu. Sekretere ndiye anayepasua kuni za matanga ya Chini. Imesemwa katika diksionere, wananiambia. Haikusemwa hivyo! Lakini diksionere sasa iko kwa Shangazi, imefungwa ndani ya kabati, na Shangazi hajui kiingereza, kwa hiyo anaitafsiri bila kizuizi.

Baya zaidi: mutu wa Juu haendi tena Keshero peke yake, bila ujumbe wa watu wane. Nimepasua suruali mbili bure. Leo nilipita barabara ya juu, mbali, nikasimama nyuma ya ua wa jirani. Nikasikia cherehani yake. Inakwenda, inasimama, inakwenda. Kila iliposimama nikadhani amenisikia. Nilibaki pale mpaka mwenye ua akaniuliza kama nimepoteza mbuzi. Nikasema ndiyo. Akanisaidia kumutafuta, mutu mwema kabisa, tukamutafuta nusu saa.

Siku ya Mungu, 15 juin

Wamefika! Wazee wamefika kwenye ndoa, peke yao, kama nilivyopanga!

Leo baada ya misa Nusu ya Juu wamekutana hapa kwa Shangazi. Wakasema nusu mbili bila ndoa ni vita tu, kwa hiyo tuzifunge kwa ndoa ya kwanza. Musichana wa Chini, kijana wa Juu. Musichana akatajwa bila mabishano: Perpétue. Moyo ulinipanda mpaka kwenye masikio. Nilikuwa nimevaa suti mupya ya abacost, kumbe mwili ulijua. Wakasema kijana ni mutu wa kazi, mutu wa heshima, wa hapahapa nyumbani. Nikasimama. Nikawashukuru wazee. Nikasema nitamutunza.

Wakasema nikae, hawajamaliza.

Constant. Constant mutoto wa shangazi! Eti anahesabiwa kwa mama yake, na ndiye mukubwa kati ya waseja wa Juu, na mukubwa anatangulia. Constant mwenye pikipiki, ambaye hajawahi kupasua suruali hata moja kwa ajili ya mutu. Alishangaa yeye mwenyewe. Akauliza Perpétue ni yupi, yule murefu ao yule wa meno.

Halafu Shangazi akasema kwamba kwa kuwa nimeonyesha furaha kubwa namna ile, mimi ndiye nitakuwa musemaji wa kuposa. Wakapiga makofi.

Sikula. Shangazi alidhani ni furaha, akala sahani yangu.

Kazi tano, 20 juin

Kesho tunaposa. Lakini nimepata njia. Nitasema vibaya! Musemaji mubaya anaharibu posa, kila mutu anajua. Nitakohoa. Nitasahau jina la baba mukwe. Nitamusifu Constant kwa mambo ambayo hana haja ya kusifiwa, kama usingizi wake. Chini watachukia, watatufukuza, na mimi nitabaki na tumaini langu. Nimejizoeza mbele ya kioo. Nasema vibaya sana. Niko tayari.

Siku ya posho, 21 juin

Sijui niandike nini.

Tulifika saa nane. Chini walifanya kama kawaida ya kuposa: wakasema hapa hakuna musichana, mumepotea nyumba, jaribuni kwa jirani. Wakasema yule waliyekuwa naye amekwenda kuwa masera, mutawa wa kanisa. Watu wakacheka. Ilikuwa zamu yangu. Nikakohoa mara mbili, kama nilivyopanga.

Ndipo pazia la chumba likasogea kidogo nikaona kitenge cha kijani.

Basi mudomo ukafunguka wenyewe. Nikasema sisi hatukupotea nyumba, maana njia ya nyumba hii tunaijua hata tukifumba macho, tunajua jiwe gani linatikisika. Nikasema kuna mutu anayeamka asubuhi anauliza leo ni siku gani, na kama si siku ya kumuona musichana huyu, anaona siku hiyo haina kazi. Anasikiliza misa nzima kwa ajili ya ubeti mumoja. Akicheka naye, usiku anacheka tena peke yake. Musichana akinyamaza, mutu huyo anatafuta kosa lake siku tatu. Nikasema mutupe, ao mutufukuze, lakini musituambie hayupo, maana miaka mitatu hatuoni mutu mwingine. Hapo nikakumbuka, nikaongeza: Constant ndiye anasema hayo.

Wamama walikuwa wanalia. Constant mwenyewe alifuta macho. Muzee Barthélemy alisimama, akasema katika maisha yake hajasikia posa kama hii, hawezi kubisha hata dakika moja. Akatoa binti yake palepale! Ng'ombe ya Constant itaingia siku ya Mungu ijayo, tarehe 29.

Walinibeba juu mpaka barabarani. Mimi!

Siku ya Mungu, 22 juin

Muzee Barthélemy ameniita, peke yangu, bila ujumbe. Alinipa kiti chake. Akaniuliza, mwanangu, nani alikuambia sisi ni damu moja?

Nikasema kila mutu. Akasema hapana. Babu yangu mimi alitoka Rutshuru wakati wa njaa, mikono mitupu. Baba yake Muzee akamupa ng'ombe za kuchunga, na baadaye jina la ukoo, ili watu wasimuite mugeni. Wazee wote wanajua, ndiyo sababu walisita kunigawa. Hawalisemi, kwa sababu kumuambia mutu kwamba babu yake alikuja na njaa si adabu. Tuligawana jina na maziwa. Damu, hapana.

Miaka mitatu, akasema, naona suruali zinakuja. Nikamungoja mutu aje aseme. Nikasema moyoni, labda hamutaki Perpétue, labda anapenda tu kushonewa.

Nilitaka ardhi inimeze.

Akasema tena: neno la posa ni neno, lakini mpaka ng'ombe ikanywe maji hapa kwangu, musichana hajafungwa. Constant hatalia sana. Njoo na mudomo wako tu.

Perpétue alinisindikiza mpaka barabara, kama mugeni anavyosindikizwa. Tulipoagana akasema: yale ya jana uyarudie vilevile, uondoe tu jina la Constant. Halafu akarudi mbio. Nilisimama pale mpaka vumbi lake likatulia. Nampenda. Nampenda mpaka inaniuma kwenye meno.

Kazi tatu, 25 juin

Nimefikiri sana. Siwezi kwenda na mudomo tu. Mudomo ndio ulionitia katika taabu! Na Nusu ya Juu itasema nini? Shangazi atasema, uko wapi ushuhuda? Mutu anayetoka katika ukoo lazima awe na karatasi. Nimeanza kuchora: majina ya babu, mishale, duara. Kazi nzuri sana. Linakosekana jina moja tu, la baba yake babu.

Kazi tano, 27 juin

Perpétue amekuja shuleni! Saa sita, jua kali, miguu yote vumbi. Akasema twende sasa, baba yuko nyumbani, amekaa tu, anangoja. Nikamuonyesha mchoro. Nikamueleza mishale. Nikamuambia kwamba pale Rutshuru kuna katekista muzee sana anayejua jina lile, na kuna ofisi yenye muhuri.

Akauliza muhuri wa nini.

Nikamueleza tena, polepole, kama ninavyowaeleza wa darasa la kwanza. Macho yake yalijaa maji, nadhani ni vumbi. Akanipangusa chaki begani kwa mukono wake, akaenda bila kugeuka. Bado nausikia ule mukono. Nadhani ameelewa.

Siku ya posho, 28 juin

Nimepanda kamioni ya Rutshuru. Naandika juu ya magunia. Mchoro uko ndani ya shati, haukunjiki.

Shangazi amesema ng'ombe ya Constant ilionekana Sake jana jioni, inakuja vizuri, pembe ndefu. Nimepiga hesabu. Kutoka Sake mpaka Keshero ni mwendo wa siku moja kwa mutu. Lakini ng'ombe si mutu. Inasimama, inakula majani, inaangalia watu. Na Constant si mutu wa kuiharakisha. Mimi narudi kazi moja, tarehe 30, ao kazi mbili mchana ikiwa ofisi imefungwa.

Muzee alisema mudomo tu. Nitamuletea mudomo na muhuri! Perpétue atafurahi sana akiuona.