Chungu Ndani ya Chungu

Jumatatu, 3 Machi

Mke wangu amekufa. Alhamisi iliyopita. Ijumaa tukazika. Jana watu wakaondoka, viti vya kuazima vikarudishwa.

Amebaki mama mkwe. Yeye analala chumba cha ndani, mimi sebuleni. Mkwe ni mkwe. Nikiingia anatoka. Akitaka kupita anakohoa kwanza. Kula, kila mtu saa yake. Lakini kile kikohozi kinasaidia. Bila hicho nyumba ni kimya.

Leo kaona sisimizi kwenye sukari. Kasema hawezi kuacha nyumba ya mwanawe iliwe na wadudu. Wakiisha ndiyo aende kwa kijana wake, mji wa pili.

Nimelifikiria hilo neno, wakiisha. Kumwambia abaki siwezi. Mwanaume mzima umwambie mkweo nini, unaogopa chumba? Basi wasiishe.

Jumanne

Yule mama ni jeshi. Majivu mlangoni, mafuta ya taa kwenye miguu ya kabati, maji ya moto kwenye nyufa. Mpaka jioni sisimizi wamebaki wa kutafuta.

Nikamwaga sukari nyuma ya kabati. Akaiona. Akauliza nani. Nikasema panya. Akasema huyu panya kasomeshwa, anatumia kijiko na kijiko kakiacha.

Jumatano

Mimi kazi yangu bustani ya miche. Kujaza udongo, kubeba vyungu vya maua, kupakia kwenye magari ya wateja. Nimepewa ruhusa mpaka Jumapili. Leo nikaenda hivyo hivyo. Msimamizi akauliza mtu mwenye msiba kafuata nini. Nikasema chungu kimoja, cha mama mkwe.

Nikachagua kilichojaa wadudu. Kwetu hao wadudu, jamii ya sisimizi, nao tunawaita chungu. Kwa hiyo chungu ndani ya chungu.

Palikuwa na mwalimu wa wadudu, mama wa miwani, kachuchumaa na kichupa chake. Nikamwonyesha kwamba humo mna aina mbili, wadogo na wenye vichwa kama maharage. Akacheka. Kasema hao ni ndugu, mama mmoja. Wadogo wanabeba, wenye vichwa wanalinda na kupasua mbegu. Nikasema kama hapa, sisi tunabeba, kichwa kikubwa anasimamia. Msimamizi alikuwa nyuma yangu.

Anasema ukoo wao una aina zaidi ya elfu, wapo karibu kila nchi isiyo na baridi kali. Wengi wametulia kwao. Ila hawa wa kwenye chungu changu wamezunguka dunia. Wenyewe hawaendi mbali. Watu ndio wanawabeba, kwenye udongo wa maua. Akaiangalia mikono yangu. Na mimi miaka yote nabeba, sikujua nina abiria.

Nimefika nyumbani nikasema, mama, nimekuletea chungu. Akashukuru, akakiweka dirishani. Sikusema uongo.

Alhamisi

Sisimizi hakuna hata mmoja. Vichwa vikubwa wamewafukuza. Hilo sikulipanga. Mama akasema majivu yamefanya kazi, akaanza kukunja nguo zake.

Mchana akafungua unga. Umejaa vichwa vikubwa. Akazikunjua nguo, akajifunga kitambaa kiunoni, akaomba sufuria kubwa. Nikampa upesi. Kidogo nimpe na tabasamu.

Jioni kaja jirani, fundi viatu wa chumba cha pili. Kasema, jirani, una msiba na nakuheshimu, lakini nimeumwa makalio nimelala kwangu. Nikasema pole, dunia imeharibika. Akauliza mbona wanatoka upande wangu. Anajiona mjuaji sana.

Ijumaa

Fundi viatu kaleta dawa ya unga. Kampa mama, kajipendekeza, shikamoo tatu. Nikaificha dawa juu ya dari. Mama hakuitafuta. Kachemsha maji tangu asubuhi, kawafuata mpaka kwenye ufa wao ukutani, kamwaga, kaziba na udongo.

Jioni kweupe. Sakafuni hakuna, ungani hakuna. Nikaingiza kidole kwenye chungu cha dirishani. Mle ndani ni mji. Wamerudi kwao wote, na mayai. Nikashukuru. Usiku watatoka, kesho vita.

Jumamosi

Hawakutoka. Shemeji, yule kijana wake, kaja na gari la kuazima. Mama kamwambia nyumba ni safi, twende. Kanitazama mlangoni, akauliza kama nina neno.

Neno lilikuwepo. Nikasema safari njema.

Akasema, baba, na kile chungu ulichonipa nakichukua.

Sasa hapo ufanyeje? Nikisema kina wadudu, ataniuliza nimejuaje. Nikinyamaza, vinaondoka vyote, mama na chungu. Nikakibeba mwenyewe mpaka garini. Wameniuma mpaka kwenye kiwiko. Mama akadhani nalia, akasema niache, ni kazi ya Mungu. Sikumbishia. Nikamwambia akimwagilie kidogo tu.

Usiku hakuna aliyekohoa. Nikakohoa mwenyewe mara moja. Haikufaa.

Jumapili, 9 Machi

Shemeji kapiga simu, ana hasira. Nyumba yake imejaa wadudu wenye vichwa vikubwa, mkewe kalala juu ya meza. Kauliza kwangu wapo? Nikasema kwangu kusafi, mama alisafisha.

Kasema ndiyo shida yenyewe. Mama alikwenda kuwasalimia tu, Jumatano alikuwa arudi kwangu. Eti kawaambia yule hawezi hata kujipikia uji, nitakaa naye mpaka azoee. Sasa kagoma. Hawezi kuiacha nyumba ya mwanawe iliwe na wadudu.

Nimekaa nikapiga hesabu kosa liko wapi. Nimeliona. Nilileta chungu kimoja. Vingekuwa viwili, angechukua kimoja, kingine kingebaki, na yeye angebaki nacho.

Bustanini vipo vingi. Kesho narudi kazini.