Malalamiko Kuhusu Mama Yangu Mzazi, Aliyerudishwa Kutoka Kwenye Mawe Akiwa Msichana

Kwa Meneja,
Kampuni ya Matembezi ya Siku Moja,
Ofisi iliyo juu ya duka la viatu, mkabala na kituo cha mabasi.

Mheshimiwa Meneja,

YAH: KUMTIA UJANA MZAZI WA MTEJA BILA IDHINI YA MTEJA

Salamu zangu zikufikie ukiwa mzima wa afya na kiti chako kikiwa hakiyumbi. Hali yangu mimi si njema sana, na sababu ni kampuni yako.

Kwa faida ya kumbukumbu zako, mimi ni fundi wa vitasa na kufuli, mwenye kibanda nyuma ya kituo hicho hicho cha mabasi. Kitasa cha ofisi unamosomea barua hii nilikifunga mimi. Kama hakijawahi kukusumbua, basi umekwisha kuijua kazi yangu: kitu cha mtu nakirudisha jinsi mwenyewe alivyotaka kiwe. Ninyi hamkufanya hivyo. Jumamosi iliyopita nilipanda basi lenu nikiwa na mama yangu mzazi, mzee kamili, mwenye kusinzia kidogo kila baada ya chakula. Jioni mlinishushia mtu mwingine kabisa, aliyevaa viatu vya mama yangu.

Naomba unipe nafasi nieleze chanzo. Mama ni fundi cherehani. Anaishi peke yake ghorofa ya tatu, katika jengo ambalo ngazi zake ni nyembamba na taa zake huwaka zikijisikia. Tangu baba alipotutoka nimekuwa nikimsihi ahamie kwangu, nyumba ya chini, ambako nimemwandalia chumba jirani na jiko. Nimefunga vyuma vya kushikilia ukutani. Nimefunga kengele kando ya kitanda. Mke wangu ametundika mapazia ya maua. Kila nikimkumbusha, mama hunijibu, "Tutaona, baba," na wewe kama umewahi kuwa na mama unaijua maana ya "tutaona".

Usidhani natafuta utawala juu ya aliyenizaa. Kazi yangu huniita mara kwa mara kwenye milango ya wazee wanaoishi peke yao, milango ambayo majirani wameigonga mpaka wamechoka. Mimi ndiye ninayetoa kitasa, kisha nasogea pembeni ili ndugu watangulie kuingia. Sitaki siku moja niitwe kwenye mlango wa ghorofa ya tatu, nitoe kitasa, halafu nikose wa kumpisha.

Ndipo nilipokutana na kipeperushi chenu, kinachoahidi "matembezi mepesi kwa watu wa rika zote, yakiunganisha mawe yaliyosimamishwa na binadamu kabla ya kuwapo maandishi, pamoja na miamba ya ajabu iliyochongwa na upepo". Nikasema moyoni, hapa ndipo penyewe. Mama akiviona vitu vya kale vilivyotunzwa vizuri, vimezungushiwa uzio, vina mlinzi wao, wala havipandi ngazi yoyote, ataelewa bila mimi kuinua sauti. Niliandaa na hotuba fupi ya kumtolea wakati wa chakula cha mchana. Hotuba hiyo haijatolewa hadi leo. Sababu nazipanga kama ifuatavyo:

1. Mwongozaji wenu, kijana mwenye kofia pana na kipaza sauti cha mkononi, alimpokea mama mlangoni mwa basi kwa maneno haya: "Karibu dada, kaa huku mbele usafiri na macho." Dada! Kijana ambaye kwa umri hamfikii hata mwanangu wa kwanza! Nilimfahamisha kwa upole kwamba huyo ni mama yangu mzazi. Akanijibu kwa kile kipaza sauti, "Basi mimi ni mjomba wako. Pita nyuma, mpwa, unaziba njia." Basi zima likacheka, na mama ndiye aliyeanza. Kuanzia hapo hadi jua kuzama niliitwa mpwa na watu ambao hata jina langu hawalijui.

2. Tulifika kwenye mawe ya kale. Sina ugomvi na mawe yenyewe. Yamesimama pale uwandani kama watu waliopanga foleni tangu alfajiri kisha wakafungiwa dirisha. Mwongozaji alieleza kwamba hajulikani aliyeyasimamisha wala sababu yake, nami nilikubali, kwa kuwa katika ufundi wangu pia nakutana na mambo ya namna hiyo. Ninacholalamikia ni hadithi iliyofuata. Alidai kwamba zamani mwenye shamba mmoja alilitamani jiwe kubwa kuliko yote, akataka kulihamishia kwake liwe nguzo ya geti. Akaja na kamba, na minyororo, na ng'ombe. Kamba zikakatika, ng'ombe wakalala chini, mwenye shamba akaumwa mgongo, jiwe likabaki lilipo.

Mama aligeuka polepole, akanitazama.

"Umesikia, baba?"

Nikamwambia nimesikia.

"Umesikia vizuri?"

Nikamwambia vizuri. Hotuba ilikuwa katika mfuko wa shati, na nakuhakikishia, Mheshimiwa, niliisikia ikipoa.

3. Mama hutembea na futi yake ya ushonaji shingoni hata akienda kununua nyanya. Badala ya kumzuia, mwongozaji wenu alimshikia ncha moja ya futi hiyo, naye akalizunguka lile jiwe kubwa na kulipima kiuno kama anavyowapima mabibi harusi. Alipomaliza alitangaza, "Huyu ni mwenzangu. Kiuno tumelingana, ila mimi nina mikono." Abiria wakapiga makofi. Akaendelea, "Watu wanatoka mbali kuja kumtazama mwenzangu amesimama tu. Mimi nasimama na nguo za watu zinatoka." Wakapiga tena. Wawili kati yao walimpa oda ya magauni hapo hapo. Nimekisoma kipeperushi chenu mbele na nyuma, na hakuna mahali paliposemwa kwamba wateja watapewa fursa ya kujilinganisha na mawe.

4. Baada ya chakula, ambacho sikuhisi ladha yake, tulipelekwa kwenye miamba, na hapa malalamiko yangu yanapanda kama sisi tulivyopandishwa. Miamba ile imerundikana kama mizigo iliyofungwa na mtu aliyechelewa safari. Njia inapita katika ufa kati ya kuta mbili za mawe. Mama aliingia kwa ubavu, akatokea upande wa pili bila kukatiza alichokuwa akikisimulia. Mimi nilifika katikati, nikakaa. Sauti ya kike nyuma yangu ikauliza, "Mzee vipi huko, umelala?" Nilitazama huku na huku nimwone huyo mzee anayesemeshwa. Hakukuwa na mwanamume mwingine humo ufani. Kisha nikamsikia mama upande wa pili akiniamuru mbele ya hadhara, "Toa pumzi yote, baba, kama nilivyokuwa nakuvalisha shati la shule. Na tumbo hilo liambie nalo lije." Nilitoka. Kifungo changu kimoja kimebaki humo ndani, na naamini kitawasumbua sana wataalamu wa mambo ya kale watakaokuja kukichimbua.

5. Chini ya kilele, mwongozaji alitangaza kwamba waliochoka wanaweza kubaki kivulini pamoja na dereva. Nikawahi kumtandikia mama mkeka. Mama akanikabidhi mkoba wake, akasema, "Nishikie, narudi," akapanda. Mwana hawezi kukaa kivulini akilinda mkoba ilhali mama yake ananing'inia mwambani, kwa hiyo nami nilipanda, pamoja na mkoba. Huko juu kuna jiwe kubwa kama nyumba lililokalia ncha ya jiwe jingine, na mwongozaji alisema limekaa hivyo tangu kabla ya binadamu, ingawa kila anayelitazama hudhani litaanguka leo. Mama alilizunguka, akaliinamia, akauliza, "Na hili, nani kalifungia kengele kando yake?" Mwongozaji hakuelewa swali. Mimi nililielewa. Kuhusu namna nilivyoshuka kutoka huko sitaeleza chochote, kwa kuwa haihusiani na madai haya.

6. Jumapili nilikwenda kwa mama kumjulia hali, nikitarajia kumkuta kitandani akilalamika viungo, jambo ambalo, Mungu anisamehe, lingenisaidia. Nilimkuta amesogeza cherehani dirishani, anashona huku akiimba. Alikuwa amekwisha kushuka sokoni na kupanda, na alikuwa akimsimulia jirani jinsi mwanawe alivyokwama ufani, akiigiza kwa mikono. Nikaona bora nizungumzie chumba moja kwa moja, bila hotuba. Akanisikiliza hadi mwisho, akakata uzi kwa meno, akaniambia, "Chumba kizuri sana, baba. Kitafutie mzee."

Kutokana na hayo, naomba kampuni yako itekeleze yafuatayo bila kuchelewa:

(a) Mwongozaji aelekezwe kwa maandishi kuwaita wazazi wa wateja kwa umri wao, na asijitwalie ujomba usiomhusu.

(b) Hadithi ya mwenye shamba irekebishwe. Jiwe likubali kuhama, angalau mara moja, na lionekane kufurahia mahali pake papya, ikiwezekana jirani na jiko.

(c) Siku ambazo wateja wamekuja na wazazi wao, lile jiwe kubwa lilazwe chini. Kama kreni haipatikani, basi liegemezwe kitu, lionekane limechoka.

(d) Ule ufa upanuliwe kwa kipimo cha mtu mwenye familia.

(e) Wewe mwenyewe, Mheshimiwa, ufike nyumbani kwa mama ukiwa na mhuri wa kampuni, umtamkie rasmi kwamba amezeeka. Mimi nimejaribu, sikuaminiwa. Mke wangu nimemwomba anisindikize katika jambo hilo, akacheka mpaka akakaa chini.

Ieleweke kwamba sidai kurudishiwa nauli. Ninachodai ni mama yangu, katika hali ile ile niliyompandisha nayo basi, pamoja na kusinzia kwake.

Ukiisha kuisoma barua hii, nifikishie salamu kwa dereva, ambaye hakucheka nilipofika chini, au alicheka akiwa ametazama pembeni, jambo ambalo pia ni adabu. Msalimie mlinzi wa mawe na wahudumu wa chakula. Wasalimie abiria wote mtakaowapata tena, hasa yule mwenye sauti nyuma yangu ufani, na mweleze kwamba mimi bado ni mtu wa makamo. Mwongozaji naye msalimie, ila asiitikie kwa neno "mpwa".

Ni mimi, mteja wako mwenye masikitiko yaliyopangwa kwa namba,

Fundi wa Vitasa na Kufuli,
Nyuma ya kituo cha mabasi.

Nyongeza: Nimekwisha kutia sahihi ndipo nikakumbuka suala la anwani. Katika namba ya sita nimeandika kwamba Jumapili nilikwenda kwa mama. Utaona sikuandika kwamba nilirudi. Goti langu, ambalo sikulitaja kwa sababu si sehemu ya madai, lilivumilia ngazi zote za kupanda, kisha likanikatalia hapo hapo mlangoni, na daktari ameagiza mguu ukae juu ya mto mpaka uvimbe uishe. Mama amenipa kitanda cha dirishani. Yeye ndiye anayeshuka asubuhi kunifuatia maziwa, mchana dawa, na leo ameshuka tena kuninunulia karatasi hizi unazozisoma. Mke wangu hupitia jioni akitoka kazini, hunitazama, husema nimependeza, huondoka. Mwongozaji wenu alikuja kuchukua suruali yake, ambayo naye alimpa mama aipunguze kiuno, akajitolea kunishusha mgongoni, lakini mama alimkataza, akisema mtu wa umri wangu asipelekwe haraka. Kwa hiyo jibu lako usilitume kibandani. Lilete hapa, ghorofa ya tatu, wala usijisumbue kupanda. Ita tu kutoka chini, mama atashuka kulipokea.