Mafaili Mawili, Jina Moja

Jumatatu, 4 Machi

Siku mbaya. Mhariri ametangaza mbele ya wote kwamba mkuu wa chumba cha kompyuta atateuliwa Ijumaa. Ni mimi au Miwani. Miwani! Mwanamke amekuja juzi tu, na mimi nimekalia kiti cha gazeti hili mpaka suruali zimeng'aa makalioni.

Sifa zake zote zinatokana na zile programu alizoleta. Hazina picha wala vitufe, ni kuandika amri tu kwenye dirisha jeusi. Zilizaliwa kwenye kompyuta za aina nyingine kabisa. Kwenye hizi zetu za mezani zinaishi kwa msaada wa faili moja la maktaba ambalo zote zinalitegemea, kama wapangaji wa nyumba nzima wenye bomba moja. Zinapanga matangazo ya vifo, zinaondoa yaliyojirudia, na ukurasa uko tayari kabla chai haijapoa. Zamani tulipanga kwa mkono. Nilikuwa hodari sana kwa mkono. Nani anakumbuka?

Nyumbani, Shemeji ameuliza tena habari za cheo. Mimi nalala sebuleni kwake. Kasema nikikikosa nitafute pa kupeleka godoro langu. Dada alikuwa anaitazama sahani yake. Mama yake Shemeji, mgonjwa, aliita kutoka chumbani kwamba waniache nile kwanza. Nyumba nzima ni yeye tu anayeniita mwanangu.

Jumanne, 5 Machi

Mama yake Shemeji amefariki alfajiri. Nimelia mpaka nikajishangaa. Shemeji hakulia. Alikaa mlangoni na kiatu kimoja mguuni.

Maziko ni Alhamisi. Shemeji ameniomba jambo moja, na hajawahi kuniomba kitu: tangazo litoke kesho, ndugu wa Mama walio mbali wapate kufika. Wengi hawana simu, ila gazeti letu wanalisoma. Nikamwambia ahesabu limeshatoka.

Nimeliingiza mwenyewe. Halafu akili ikanijia. Kwenye flashi yangu nina toleo la zamani la lile faili. Jina ni lilelile, herufi kwa herufi! Nikilipachika kwenye folda ambayo kompyuta huitazama kwanza, matoleo mawili yatagombana, programu zitagoma, Miwani atatokwa jasho. Kisha mimi naliondoa, Mhariri akitazama. Cheo changu. Tangazo linatoka. Shemeji ananiheshimu. Hasara iko wapi?

Jumanne hiyohiyo, jioni

Ziligoma vizuri sana. Mhariri akaja mbio. Nikamwomba Miwani ainuke, nikamwambia kwa upole kwamba kazi hii ina wenyewe. Nikafungua folda mbili. Faili huku, faili kule, jina moja. Mhariri ananipumulia shingoni. Nikafuta moja. Ili ushahidi usibaki, nikamwaga na pipa la taka la kompyuta.

Nililolifuta ndilo lililokuwa zima.

Programu hazikuamka tena. Kupanga kwa mkono? Nilijitolea, nikafika herufi ya B. Mtambo wa kuchapa haungoji mtu. Mhariri akaamuru ukurasa wa vifo wa gazeti la leo urudiwe kama ulivyo.

Jumatano, 6 Machi

Simu tangu asubuhi. Mjane mmoja anauliza kwa nini mumewe amekufa tena, kwani mara ya kwanza haikutosha? Bwana mwingine anataka kujua kama maziko nayo yanarudiwa. Wote nimewaelekeza kwa Miwani.

Miwani amekuja na nakala ya faili kutoka kwake, na kila kitu kikaamka. Mtu gani anaweka nakala nyumbani? Mtu asiyewaamini wenzake.

Shemeji alinunua gazeti. Akausoma ukurasa, akaugeuza, akausoma tena. Akaniuliza Mama yuko wapi. Nikamwambia kuna mwanamke kazini ameharibu mashine.

Alhamisi, 7 Machi

Tumezika. Viti vingi vya kukodi, waliovikalia wachache. Wa kubeba jeneza hawakutosha, dereva wa gari akatoa bega lake. Mdogo wake Mama, waliyelala naye kitanda kimoja utotoni, hakuwepo. Hakujua.

Nilitaka kusema. Kweli nilitaka. Nikafungua mdomo, Shemeji akanigeukia, nikaomba maji ya kunywa.

Ijumaa, 8 Machi

Miwani ndiye mkuu. Mimi nimepelekwa dirishani kupokea matangazo. Alinipa pole ya msiba mbele ya watu wote. Unafiki! Halafu akaniambia faraghani kwamba kama nimechoka niende nyumbani. Sikwenda. Nyumbani kuna nini?

Jumamosi, 9 Machi

Mdogo wake Mama amefika, na mfuko wake mkononi. Habari kazipata kwa watu, za ugonjwa tu. Kwanza aliuliza dada yake amelazwa chumba gani. Dada yangu ndiye aliyemwambia kwamba tumeshazika. Akakaa kwenye godoro langu, akauliza amekosa nini hata asiitwe. Nimeumia, sijawahi kuumia hivi.

Godoro amelirithi yeye. Mimi nitalala kwenye mkeka, na baada ya mwezi huu, Shemeji kasema, popote nitakapoona panafaa.

Kisha Shemeji akakaa akaandika tangazo la kuwaomba radhi ndugu wote ambao hawakupata habari. Kanipa nilipeleke Jumatatu. Kasema kwa sauti ya chini, bila ukali: hili tu, shemeji yangu, hili tu lisipotee. Nikamwapia. Nimelisoma mara mbili na nimelia tena.

Nimekaa nikafikiri sana. Kosa langu nimeliona. Faili lilikuwa la zamani, ndiyo maana mambo yakaharibika. Sasa nimepata toleo jipya kuliko hata la Miwani. Jumatatu, nikishaingiza tangazo, nitalipachika faili hilo. Mhariri atakuwepo.