Krismasi ya Doria ya Zohali Bandani Kwangu

Jumatatu, 22 Desemba 1997
Nimepata kanda ambayo Martini wa Mwandiga hataipata kamwe kwenye banda lake la video. Ni Doria ya Zohali, tamthilia ya chombo cha angani iliyoanza kabla sijaoa. Tena si sehemu ya kawaida. Ni toleo la Krismasi, linatoka mara moja tu kila mwaka. Hapa mtaani Gungu hakuna aliyewahi kuliona.

Kanda ni ya Honorata, mwalimu aliyekimbia Bujumbura na binti zake wawili na begi moja. Mumewe ndiye aliyeirekodi, hajulikani alipo. Ameniazimisha bure kwa sharti kwamba atafsiri yeye, maana ni ya Kifaransa. Nimekubali. Kukubali ni rahisi.

Jumanne, 23 Desemba
Nimefikiri. Banda langu, televisheni yangu. Miaka sita natafsiri Kiingereza kwa kubahatisha na hakuna aliyelalamika. Kifaransa kitanishindaje? Nimemwambia Honorata tunaanza saa kumi. Ubaoni nimeandika saa nane. Mke wangu Skolastika ameusoma ubao, akanitazama, akarudi kuosha dagaa. Wivu.

Jumatano, 24 Desemba
Martini amekuja kusoma ubao. Akauliza kwa upole kama Kifaransa nakijua. Nikamjibu: bonjour. Akaondoka. Nimeshinda.

Alhamisi, Krismasi
Banda limejaa, wenyeji na wakimbizi, wengine wamesimama. Kapteni mwenye mvi akatokea, anaongea na bibi kizee anayeonekana kwenye kioo cha chombo. Nikatangaza kwamba anamtaka asalimu amri, la sivyo sayari yake itateketezwa. Bibi akalia. Nikasema anaomba huruma.

Sauti ikatoka mlangoni. "Mzee Nikodemu, samahani. Huyo ni mama yake. Anamwambia sahani yake ameshaiweka mezani."

Honorata, na Skolastika kando yake. Nani alimwambia saa, sihitaji kuuliza.

Watu wakacheka. Nikaeleza kwamba Kifaransa cha angani ni tofauti. Wakacheka zaidi. Nikampa kipaza sauti, kwa hiari yangu.

Akasimulia kwa Kiswahili, pengine kwa Kirundi, na Waha wote, ambao lugha yao inakaribiana nacho, wakamfuata. Nyumbani kwa kapteni kuna vita, hawezi kutua. Anazunguka juu, anaziona taa za kijiji chao. Mwishoni anazima taa za chombo na kuziwasha mara tatu, mama ajue mwanawe yu hai. Hapo sauti ya Honorata ilikatika. Binti yake mkubwa akamalizia maneno. Alikuwa anayajua yote kwa moyo. Mimi mafua yalinisumbua kidogo.

Tumeionyesha mara tatu.

Ijumaa, 26 Desemba
Watu wametoka Mwandiga kwa miguu. Martini kakaa benchi la mbele, akamwomba Honorata ahamie kwake. Honorata akasema atabaki hapa, ila jina lake liandikwe ubaoni. Nimeliandika. Langu liko juu, kwa herufi kubwa.

Jumapili, 28 Desemba
Kanisani watu wamenipa mkono. Nimemweleza Skolastika kwamba kumwachia Honorata kipaza sauti ulikuwa mpango wangu tangu mwanzo. Akasema: "Eti!"

Leo dereva mmoja wa malori ya msaada kaniletea toleo la Mwaka Mpya. Kijerumani. Honorata anasema hajui hata neno. Vizuri. Ubaoni nimeandika: Mtafsiri, Nikodemu. Nimeshalisikiliza mara moja, na kapteni anagombana na mkewe. Hilo halina ubishi.