Risotto ya Ma Tante Jemima

Jumatatu, 9 Juni. Butembo.

Mambo yameiva. Ma tante Jemima, shangazi yake Débora ninayetaka kumwoa, atakuja kula kwangu Jumapili baada ya ibada. Kwao ndivyo ilivyo: baba yake Débora, mzee Kasonia, hakubali posa kabla dada yake hajafika kwa mchumba, akala, akatazama kila kitu mpaka chini ya kitanda. Kisha anarudi Beni kutoa ripoti.

Wiki iliyopita alikula kwa Éliakim, dereva wa magari ya Beni, mshindani wangu. Éliakim alimpikia mbuzi. Mbuzi! Kila mtu ana mbuzi. Mimi Sadrack nitapika risotto ya vitu vya bahari. Niliiona kwenye simu. Ni wali wa Waitalia, laini, wa maziwa, unashuka polepole kutoka kijikoni. Hesabu yangu ni hii: chakula ambacho ma tante hajawahi kula, hawezi kusema kimepikwa vibaya. Nimeshashinda.

Jumatano, 11 Juni.

Bahari iko mbali na Butembo. Nimezunguka soko zima nikitafuta crevettes, wale kamba wa baharini. Mama Bénite, muuza samaki, hakujua ni kitu gani. Nikamwonyesha picha. Akasema ni mdudu, na kwamba mdudu hapewi mkwe. Basi nimechukua tilapia wa Kyavinyonge na visahani vitatu vya fretins, vile visamaki vikavu vya ziwani. Ziwa nalo ni maji.

Divai ya kutia kwenye wali pia ni shida. Ma tante ni shemasi, anaweza kunusa pombe akiwa bado barabarani. Nitatia maji ya marakuja, yale matunda ya pasheni. Waitalia hawatakuwepo.

Ijumaa, 13 Juni.

Majaribio. Jirani yangu Muyisa, fundi cherehani, amekuja kuonja. Nilikoroga dakika ishirini bila kuinua kichwa, nikiongeza supu ya samaki upawa kwa upawa, mpaka mchele wa Kamango ukalegea wote. Mwishoni krimu ya maziwa ya Lubero na fromage, yaani jibini. Muyisa alikula sahani mbili, akasema ni tamu sana. Kisha akauliza bugali utakuja saa ngapi.

Nikamweleza kwamba hakuna bugali. Alinitazama kwa huruma. Akasema mama yake alimpikia wali wa namna hii hii alipopasuliwa tumbo. Nimegundua kwamba Muyisa ana wivu.

Jumapili, 15 Juni.

Ma tante amekuja na wamama wawili wa kanisa. Kitambaa cheupe mezani, sufuria katikati. Nikafunua kwa heshima. Wali ulikuwa umelala pale, mweupe, umelowa, unatetemeka kidogo, na macho ya fretins yanatutazama sote. Ma tante aliweka kijiko chini. Akauliza kwa sauti ya upole: « Ni nani anagonjwa mu hii nyumba? »

Ndipo nilipokumbuka. Kwetu wali mzuri ni ule ambao kila punje imesimama peke yake. Uliolegezwa kwa maziwa unapelekwa hospitali, kwa aliyetoka kupasuliwa, au kwa mzee asiye na meno. Ningeweza kusema hakuna mgonjwa, hiki ni chakula changu, nimekipika hivi kwa kupenda. Sentensi moja tu. Lakini niliona uso wa ma tante ukilainika, uso ambao sijawahi kuuona umelainika, nikafikiri haraka. Nikasema ni mimi. Tumbo. Nikashika ubavu, nadhani wa kushoto.

Wote watatu walisimama, wakaniwekea mikono, wakaomba muda mrefu. Hawakuonja hata kidogo, kwa sababu wageni hawali chakula cha mgonjwa. Ma tante alinilaza, akanifunika blanketi kwa mikono yake mwenyewe. Ushindi mkubwa. Éliakim hakufunikwa blanketi.

Jumanne, 17 Juni.

Ripoti imefika Beni. Débora amenipigia simu. Baba yake amesema hatampa binti yake mwanaume asiyeweza kutafuna. Jumamosi ataketi na familia kuchagua, na Éliakim, wanasema, anatafuna vizuri sana. Débora alikuwa analia, ingawa alisema ni mafua.

Nimeumia kweli. Nampenda huyu mwanamke tangu siku aliponicheka kwenye kwaya, nilipoimba ubeti wa tatu wakati wengine wako kwenye wa pili.

Kutoka asubuhi wamama wa kanisa wameniletea uji, termosi sita. Siwezi kutoka nje. Nikionekana natembea vizuri itakuwa aibu.

Alhamisi, 19 Juni.

Uji ulinishinda, nikajipikia risotto. Débora amepita akitoka shuleni anakofundisha, akanikuta nimesimama juu ya sufuria, mzima kabisa. Nikamweleza yote. Alichukua mwiko, akala kwa mwiko huo huo, wima, mpaka chini ya sufuria. Kisha akaniuliza: « Donc ulishindwa tu kusema kama ni chakula yako? »

Amenipa kazi. Jumamosi niende Beni, nisimame mbele ya baba yake, niseme sikuugua, wali ule niliupika kwa kupenda. Halafu niombe bugali, niumalize wakitazama. Basi. Amenifanya nirudie maneno hayo mara tatu kama mwanafunzi wake. Nimeahidi.

Jumamosi, 21 Juni. Njiani.

Naandika gari likirukaruka. Nafasi iliyobaki ilikuwa moja, mbele, karibu na dereva, na dereva ni Éliakim. Ameniuliza tumbo linaendeleaje. Kwenye mashimo anapunguza mwendo kwa ajili yangu.

Nimerudia maneno ya Débora mpaka tulipofika kijiji cha Maboya. Ni maneno mazuri, mais yana kasoro moja: yatamwaibisha ma tante mbele ya kaka yake. Mtu aliyenifunika blanketi siwezi kumfanyia hivyo. Kwa bahati nilikuja nimejiandaa. Sufuria iko magotini mwangu, imefungwa katika blanketi lile lile, na fretins nimetia mara mbili. Nitamwambia mzee Kasonia kwamba niliugua kweli, vibaya sana, na kwamba kilichoniponya ni risotto. Hapo hapo nitamfunulia, ale na yeye.

Nimemweleza Éliakim mpango wote. Amesikiliza kwa makini, akaomba nimsimulie tena taratibu. Nilimfikiria vibaya bure, kumbe ni mtu mzuri. Amesema nisibadilishe hata neno moja.